Nani Huyo Ameingia DM Yako? Hivi Ndivyo Unamjua Kabla Hajakula Doo Zako

Simu imelia. Ukicheki, ni ujumbe kutoka kwa akaunti hujawahi kuona maishani. Jina ni kitu kama mrembo_wa_imenti_01 ama kazi.majuu.254. Picha ni safi, salamu ni "Hae, umepotea sana." Anasema yeye pia ni wa Nkubu, na kwamba mlipatana kwa harusi fulani Kanyakine. Wewe hukumbuki harusi yoyote. Sasa unafanya aje?

Wasee wengi hufanya moja kati ya vitu viwili. Kuna wale wanamblok hapo hapo, na kuna wale wanajibu "niko, na wewe?" kisha wanaona mbele huko. Ukiblok kila mtu, siku moja utamblok mteja wa ukweli ama cousin yako aliyepoteza simu. Ukijibu kila mtu, siku moja utalimwa. Lakini kuna njia ya tatu, na haitaki ujue mambo ya kompyuta. Inataka dakika kumi hivi na roho ngumu kidogo.

Hii stori tunaiweka Nkubu kwa sababu ukiwa mji mdogo unadhani conman ni shida ya Kanairo. Si hivyo. Mtu akiwa mbali anaweza kusoma kwa simu yake kwamba Nkubu iko Imenti Kusini kwa barabara ya Meru kwenda Embu, kwamba kuna hospitali ya Consolata, na kwamba ndizi nyingi hutoka upande wa Mitunguu. Hayo matatu yanatosha kukufanya useme, "Ah, huyu ni wa hapa kwetu."

SWALI LA WAZEE

Shuka kwa matatu Nkubu uanze kuulizia shamba linalouzwa. Mzee utakayempata hatakuuliza kama una picha nzuri. Atakuuliza kwenu ni wapi, wewe ni wa kwa nani, na ni nani hapa anakujua. Hapo ndipo kuna maarifa yote. Mzee hatafuti stori yako, anatafuta mtu mwingine wa kuisimamia hiyo stori, ndio ikigeuka ajue atabisha mlango gani.

Mtandaoni hilo swali limepotea, kwa sababu akaunti hujitambulisha yenyewe. Kazi yako ni kulirudisha. Na njia rahisi ni kugawa kila kitu unachoona mara mbili: vitu ambavyo ni bei rahisi kufeki, na vitu ambavyo ni ghali kufeki.

Vya bei rahisi ni jina, picha, maneno ya kujieleza, idadi ya wafuasi, na hata tiki ya bluu. Vya ghali ni muda, watu, sauti na sura ya papo hapo, na jina linalotokea pesa zikitaka kutumwa. Ukianza kuamini mtu kwa sababu ya vile vya kwanza, umeshachelewa.

HIYO TIKI ISIKUCHANGANYE

Kuna wasee bado wanaona tiki ya bluu wanafunga kesi. Zamani ilikuwa na maana, kwa sababu kampuni yenyewe ilikuwa inachunguza mtu kabla ya kumpa. Novemba 2022 Twitter, ambayo siku hizi ni X, ikaanza kuuza tiki kwa dola 8 kwa mwezi. Ndani ya siku chache mtu akafungua akaunti kwa jina la Eli Lilly, kampuni kubwa ya dawa Marekani, akalipia tiki, akaandika kwamba insulini sasa ni ya bure. Watu wakaamini, na kampuni ikabidi itoke kuomba radhi kwa waliopotoshwa.

Kwa hivyo ukiona tiki, uliza ni ya mtandao gani na ilipatikanaje. Kwa X, ya bluu inaweza kumaanisha tu kwamba mtu alilipia. Kwa Instagram na Facebook pia siku hizi inalipiwa, ingawa huko mwenyewe anatakiwa kuonyesha kitambulisho. Na kwa yote, akaunti yenye tiki inaweza kuibwa ikiwa na tiki yake.

HATUA YA KWANZA: SOMA JINA HERUFI KWA HERUFI

Majambazi wa mtandao hupenda kukopi jina la mtu anayejulikana, kisha wanabadilisha kitu kidogo. Wanaongeza mstari wa chini, wanatoa herufi moja, wanaweka sufuri mahali pa O, ama wanaweka r na n zikiwa zimekaribiana hadi zinafanana na m. Kwa skrini ndogo huwezi kuona. Kopi hilo jina, libandike mahali pengine kwa maandishi makubwa, kisha ulilinganishe na lile la ukweli.

Halafu tafuta jina hilo hilo kwa mitandao mingine. Watu wengi hutumia jina moja kwa TikTok, Instagram na Facebook. Ukipata mtu ni fundi wa simu hapa, ni model wa Ghana pale, na kule ni mchungaji wa kuombea watu wapate visa, umepata jibu. Usipopata kitu pia si kosa, kuna watu wako tu na akaunti moja. Andika hilo kichwani na usonge mbele.

HATUA YA PILI: ULIZA AKAUNTI IMEZALIWA LINI

Instagram, bonyeza zile nukta tatu juu ya profaili uangalie maelezo ya akaunti. Kwa akaunti nyingi utaona ilifunguliwa lini, na wakati mwingine nchi iliko na kama imewahi kubadilisha jina. Facebook, kwa kurasa za biashara, kuna sehemu ya uwazi wa ukurasa inayokuonyesha ilianzishwa lini, iliwahi kuitwa nani, na mara nyingi wanaoisimamia wako nchi gani.

Ukurasa wa "keja za bei poa Nkubu" ambao ulizaliwa wiki mbili zilizopita, ama ambao mwaka jana ulikuwa wa kuuza nywele, si wa kutumiwa deposit. Ukurasa wa "wakala wa kazi Meru" unaosimamiwa na watu walioko nchi mbili za mbali unakuambia hiyo ofisi ya Makutano iko tu kwa maandishi.

Lakini usilewe na umri. Akaunti za zamani huibwa na kuuzwa. Angalia kama maisha yake yanaendelea vizuri, ama kama kuna mahali yamekatika. Mtu aliyekuwa anaposti mpira na mbogi yake tangu 2017, akanyamaza mwaka mzima, kisha akarudi akiongea tu mambo ya kuwekeza, huyo anaweza kuwa si yeye tena.

HATUA YA TATU: PICHA IKUPE MAJINA

Chukua skrinshoti ya picha yake, uiweke kwa Google Lens ama TinEye. Hizi zinatafuta mahali pengine picha hiyo imetokea. Ukipata sura hiyo hiyo ikiwa na jina lingine na nchi nyingine, basi huyo unayeongea naye amevaa uso wa mtu.

Kukosa kitu hakumaanishi picha ni yake. Inaweza kuwa imetolewa kwa akaunti iliyofungwa, ama imetengenezwa na akili bandia. Kwa hivyo angalia picha za kawaida, zile hazijapigwa pasi. Mtu wa ukweli ana picha mbaya. Ana ile ametagiwa na shangazi akiwa amefunga macho. Ana maoni ya watu wanaomtania kwa jina la utani, wanaomuuliza deni, wanaompongeza kwa siku ya kuzaliwa miaka mitatu mfululizo. Akaunti ambayo kila maoni ni "nice" na mioyo kutoka kwa watu wasiofahamiana ni kama nyumba imepakwa rangi mbele na nyuma hakuna ukuta.

HATUA YA NNE: TAFUTA MTU WA KATIKATI

Hii ndio hatua ya mzee wa Nkubu, na ndio yenye nguvu kuliko zote. Angalia kama mna marafiki wa pamoja. Usihesabu tu. Marafiki kumi wa pamoja wanaweza kuwa watu kumi waliokubali ombi bila kufikiria, kama vile wewe karibu ukubali. Chagua mmoja unayemjua uso kwa uso, mpigie simu, muulize: "Huyu unamjua? Mlionana lini?"

Akisema "huwa naona tu akipost," huyo hamjui. Akisema "tulikuwa desk moja Form Two," sasa una kitu.

Kama anadai mnatoka pamoja, piga stori ya nyumbani bila kumhoji kama polisi. Unaweza hata kutega kidogo. Mwambie, "Kwani ile reli ya Nkubu ilianza kazi?" Mtu wa hapa atacheka, kwa sababu reli ya kuelekea Mlima Kenya inaishia Nanyuki, upande mwingine wa mlima, na Nkubu hakujawahi kufika treni. Conman, kwa kuwa kazi yake ni kukubaliana na wewe, atakuambia ameipanda jana.

HATUA YA TANO: SAUTI NA SURA, SASA HIVI

Omba vidio ya papo hapo, hata dakika moja. Visingizio unavijua: kamera imeharibika, network ni mbaya, niko kazini, mimi ni mtu wa aibu. Kimoja kinaweza kuwa ukweli. Vinne kwa wiki moja ni jibu.

Siku hizi sura ya vidio pia inaweza kufekiwa, kwa hivyo mwambie ageuze kichwa pembeni kabisa, apitishe mkono mbele ya uso, ama aonyeshe mahali alipo. Hayo husumbua hizo programu, ingawa kila mwaka zinakuwa fiti zaidi. Ndio maana vidio haichukui nafasi ya hatua ya nne, zinafanya kazi pamoja.

Na kama ni rafiki yako anayesema "hii ndio akaunti yangu mpya, nimepoteza ile ingine," usimuulize huko huko. Piga namba yake ya zamani ambayo umekuwa nayo. Akikutumia habari kwamba kuna namba sita zimeingia kwa simu yako kimakosa na anaomba umpe, hiyo ni funguo ya WhatsApp yako. Usitoe hata kwa mamako. Washa ulinzi wa hatua mbili leo, kwa sababu akaunti yako ikiibwa, ni wewe utakuwa unakopa watu pesa bila kujua.

Usijione fala ukipatikana. Mwaka 2018 mtu mmoja alikamatwa Tarime, Tanzania, akashtakiwa Nairobi kwa madai ya kujifanya Sabina Chege, wakati huo akiwa mwakilishi wa wanawake wa Murang'a, na kuwaomba wabunge wenzake pesa kwa simu. Kama waheshimiwa walidaiwa kuingia, wewe na mimi tunahitaji utaratibu.

HATUA YA SITA: PESA HAIDANGANYI SANA

Ikifika mambo ya doo, laini ya Kenya inasajiliwa kwa kitambulisho, na M-Pesa itakuonyesha jina. Kwa programu ya simu jina linatokea kabla ya kuweka PIN. Kwa menyu ya kawaida, Hakikisha inaleta jina na kukupa nafasi fupi ya kusitisha. Usiipite mbio. Kama mlikuwa mnaongea na "Kawira" na jina linalotokea ni la mwanaume hujawahi kusikia, sitisha, halafu uulize. "Hiyo ni ya brathe yangu" inaweza kuwa kweli, lakini mwambie akupe yenye jina lake. Muuzaji wa ukweli ana till namba yenye jina la biashara linalofanana na ile anakuuzia.

Truecaller inasaidia kidogo tu. Lile jina linatoka kwa vile watu wamemseivu ama vile amejiandika mwenyewe. Ukipata ameseviwa "Conman Viatu," shukuru Mungu. Ukipata "Pastor John," hujapata kitu.

Hata jina la M-Pesa lina shida yake. Kuna vijana hukodisha ama kuuza laini zao kwa mia chache, na pesa za wizi zinapitia kwa jina lao. Ukiombwa usajili laini kwa kitambulisho chako umpe mtu, jua DCI wakija watakuja kwako.

Ya kazi ni hivi. Wizara ya Ulinzi husema kila mwaka kwamba kuingia KDF ni bure, na matangazo yake hutoka hadharani. Hakuna "calling letter" ya DM. Kwa kazi za Ghuba ama kwingine, wakala lazima awe amesajiliwa na Mamlaka ya Taifa ya Ajira, NEA, na orodha iko wazi. Angalia huko, kisha upige namba iliyo kwenye orodha. Ile umetumiwa na mtu wa DM weka kando.

Hapa mchezo si wa pesa tu. Tangu 2022 serikali imekuwa ikirudisha nyumbani Wakenya walioahidiwa kazi Thailand, wakajipata wamefungiwa Myanmar wakilazimishwa kufungua akaunti feki na kutapeli watu wa mbali usiku na mchana. Fikiria hilo vizuri. Yule "mrembo" anayekutumia salamu anaweza kuwa kijana wa rika lako ambaye naye aliamini DM.

UKIAMUA KUMUONA

Januari 2024 mauaji ya wanawake wawili katika nyumba za kukodi kwa siku Nairobi yalitikisa nchi, na tarehe 27 mwezi huo maelfu waliandamana miji tofauti kudai mauaji ya wanawake yakome. Kosa ni la muuaji, halijawahi kuwa la aliyeuawa. Lakini kuna vitu unaweza kufanya.

Mkutane mchana, mahali pana watu, na mahali wewe umechagua. Nkubu mjini kuna hoteli za chai za kutosha, hakuna haja ya kwenda kwa keja ya mtu Makutano siku ya kwanza. Tumia beste yako jina la akaunti, namba ya simu, picha, na saa utakayorudi. Jilipie fare yako. Akibadilisha mahali dakika ya mwisho, rudi nyumbani. Mtu mwenye nia safi ataelewa, na asiyeelewa amekusaidia kuamua.

KAMA UMESHALIMWA

Usifute chochote. Piga skrinshoti za mazungumzo, jina la akaunti, linki ya profaili, na ujumbe wa M-Pesa. Jina la akaunti hubadilishwa kwa dakika moja, ndio maana linki na tarehe ni muhimu. Tuma ule ujumbe wa M-Pesa kwa 456 haraka kuomba pesa zirudishwe, ingawa zikishatolewa ni ngumu. Ripoti kwa kituo cha polisi upewe namba ya OB. DCI wana laini ya bure, 0800 722 203. Ukumbuke pia Safaricom hukupigia kwa 0722 000 000 pekee, kwa hivyo yule "customer care" atakayekupigia kesho na namba ingine akitaka kukusaidia kurudisha pesa ni raundi ya pili ya wizi.

Kama anakutishia na picha za uchi, usilipe. Ukilipa mara moja, bei inapanda. Sheria ya Makosa ya Kompyuta ya 2018 inasema kusambaza picha za faragha za mtu ni kosa lenye faini hadi shilingi 200,000 ama jela hadi miaka 2. Kutumia utambulisho wa mtu kwa ulaghai, kama nywila yake, ni faini hadi 200,000 ama jela hadi miaka 3. StopNCII ni huduma ya bure inayosaidia mitandao mikubwa kuzuia picha zako bila wewe kuzituma popote. Ukihitaji msaada wa ukatili wa kijinsia, piga 1195, ni bure. Ukiwa chini ya miaka 18, piga 116.

USIGEUKE WEWE KUWA SHIDA

Kumjua mtu si kumuanika. Ile sura umeona kwa akaunti feki mara nyingi ni ya mtu aliyeibiwa picha, na ukiiposti na maneno "MWIZI HUYU," umemuumiza mara ya pili. Usimlipe msee wa kampuni ya simu akutolee data za mtu pia. Tuko na Sheria ya Ulinzi wa Data tangu 2019, na hiyo kesi itakuwa yako. Peleka ushahidi kwa polisi na uripoti akaunti kwa mtandao wenyewe.

Na kama unaogopa kuonekana una madharau, nakili huu ujumbe, ubadilishe vile unataka: "Poa sana. Huwa siongei na mtu sijui, si wewe tu. Nipe jina la mtu wa hapa anayetujua sisi wawili, ama tupigiane vidio jioni dakika moja, tuendelee."

Hakuna tusi hapo. Cousin wa ukweli atacheka akutumie namba ya tate. Mteja wa ukweli atapiga. Yule mwingine atakasirika, atakuambia hauna imani, ama atanyamaza kabisa. Ukiona hivyo, funga DM uendelee na shughuli zako.